Midomo ya Mzee Ndani ya Dumu

Jina lake la kuzaliwa lilishasahaulika hata kwa majirani. Tangu alipoanza kujenga chombo cha kwenda angani nyuma ya karakana ya mageti, mtaa mzima ulimwita Roketi, na wengi waliomwita hivyo walikuwa wanamcheka. Yeye akalichukua jina hivyo hivyo. Ukimwita kwa dharau anakuitikia kwa dharau, ukizidisha anaweka nyundo chini anakufuata. Hasira zake hazikuwa za kutafutwa, zilikuwa pale pale mlangoni zimevaa viatu.

Kazi yake ilikuwa kuchomelea: mageti, madirisha ya nondo, vitanda vya chuma. Shule aliiacha njiani, akaingia karakana ya baba yake kabla hata ndevu hazijaota. Huyo baba alikuwa fundi tangu enzi ambazo miwani ya kuchomelea mnaazimana watu watano. Moshi wa chuma na wa rangi ya zamani ulimwingia mapafuni miaka yote hiyo, na sasa alikuwa hashiki tena waya. Alikaa kwenye kiti cha plastiki pale mlangoni, anakohoa na kukosoa. Geti likitoka kombo kidogo tu atasema, "Hilo geti limeinama kama linaomba msamaha." Wateja wanacheka, Roketi anavimba, geti linarudi kwenye moto.

Chombo chenyewe kilikuwa cha filamu, na filamu ilianza kama mzaha. Watu walileta mashine ya kufulia mbovu waiuze chakavu, Roketi akaung'oa ule mlango wake wa kioo cha duara, akauweka mbele ya uso wa baba yake akampiga picha kwa simu. Halafu akaikodolea macho ile picha mpaka mteja akaondoka kwa hasira. Mzee ndani ya kile kioo alionekana mtu wa mbali kabisa, yuko peke yake, anachungulia dunia aliyoiacha. Basi, kichaa kikaingia hapo na hakikutoka.

Hadithi aliitunga mwenyewe, yote kichwani. Hewa ya dunia imeharibika, watu wanakufa kwa kukosa pumzi. Anatafutwa mtu wa kwenda kuangalia sayari nyingine yenye hewa safi, na anatumwa fundi mzee, kwa sababu safari haina kurudi na vijana bado wana kazi ya kufanya. Mzee anaipata sayari. Anaagana na dunia kwa redio, anavua kofia, anavuta pumzi, mwisho. Roketi alikuwa hajawahi kuongoza hata mchezo wa shule, lakini alijiita dairekta, na ukitaka ugomvi naye ulikataa tu kumwita hivyo.

Chombo akakichomelea kwa mabaki ya mabati na milango ya mafriji yaliyokufa. Ndani kilikuwa kidogo kama choo, anaingia mtu mmoja amekaa na mwingine amechuchumaa miguuni pake. Ule mlango wa mashine ya kufulia ukawa dirisha. Kofia ya anga ilikuwa dumu la maji, yale madumu makubwa meupe yanayogeuzwa kichwa chini maofisini. Alilikata chini, akalizungushia mpira shingoni. Suti aliishona dada yake.

Dada huyu alikuwa mkubwa wake kwa kuzaliwa na mshonaji wa sare za shule kwa kazi. Mama yao alipofariki ndiye aliyeshika nyumba. Suti aliitoa kwenye turubai la kufunikia gari, lile linalong'aa kama fedha, na siku mzee alipoijaribu alimwambia bintiye kwamba sasa hata wakimwibia gari hatajali, kwa kuwa gari lenyewe ni yeye. Mzee alikuwa anaipenda ile kazi ya filamu. Hilo lisemwe wazi, maana baadaye watu walisema mengi. Asubuhi mzee mwenyewe ndiye aliyekuwa anauliza, "Leo tunaruka au haturuki?"

Sasa kuna jambo moja la namna walivyokuwa wanapiga picha, na kila kitu kilikuja kuharibikia hapo. Uwanja wa karakana ulikuwa wa mafundi wengi. Kutoka asubuhi mpaka jioni grenda inakata chuma, na mlio wake unaujua, unaingia kwenye meno. Huwezi kuwaambia watu wazima waache kutafuta mkate wao eti wewe uko angani. Kwa hiyo Roketi alipiga picha tu, sauti akasema ataingiza baadaye, ndani ya kabati la nguo lililojazwa mablanketi. Mzee alipewa maneno kabla ya kila kipande, na kila mara aliyasahau. Anaanza vizuri, "Nyota zote hizi ni zangu, sina wa kumwonyesha," halafu anamalizia na habari za mteja aliyekimbia na kitanda chake. Roketi hakujali. Alimwambia, "Wewe chezesha mdomo tu, baba. Maneno yatakuja." Akazoea kuangalia mdomo wa baba yake bila kusikiliza kinachotoka humo.

Na kwa kuwa aliyefungiwa ndani hasikii maneno ya nje, waliwekeana ishara. Roketi akigonga bati mara moja, anza. Akigonga mara mbili, endelea. Kipande kikiisha, anafungua mlango. Ishara za kutoka nje kwenda ndani zilikuwepo. Ya kutoka ndani kuja nje hakuna aliyeiwaza, hata mzee mwenyewe, na yeye maisha yake yote alikuwa mtu wa kukagua kazi mara mbili.

Dada kazi yake kwenye picha ilikuwa kushika ubao uliofungwa karatasi ya fedha ya jikoni, kurudisha mwanga usoni kwa mzee. Siku moja katikati ya kipande kirefu alikohoa, ubao ukacheza, mwanga ukaruka. Roketi alifungua mlango akamnyang'anya ule ubao akamrushia, mbele ya mafundi wote, akamwita jina ambalo hata walevi hawaitani. Mzee alimkemea siku hiyo mpaka pumzi ikamwishia. Roketi aliomba radhi jioni, kwa kununua soda. Dada akainywa. Lakini tangu hapo akiingia mle ndani anabana hata pumzi.

Siku ya kipande cha mwisho mzee aliamka na kifua kimebana. Dada alisema waahirishe. Roketi akasema jua linaingia uani saa moja tu kwa siku, na likishahama hapo hawana mwanga mpaka kesho, na hiyo kesho ana mageti ya watu. "Ni hiki tu, baba. Tukimaliza hiki tumemaliza." Mzee akasema haya, mfungeni.

Wakamvisha dumu, dada akachuchumaa miguuni na ubao wake, mlango ukafungwa. Roketi akaweka simu kwenye kioo cha duara kwa nje. Hatua chache nyuma yake jirani alikuwa anakata bomba. Akagonga mara moja.

Mzee alianza kuongea. Alikuwa haangalii simu, anaangalia chini, kwa binti yake. Uso wake ulikuwa na kitu ambacho Roketi alikuwa amekiomba miezi yote hiyo hakipati. Macho yamelegea, midomo inatafuta, dumu linafunga ukungu na kufunguka. Roketi akasogeza jicho karibu na simu. Alijisemea, mzee ameelewa, leo mzee ameingia kwenyewe. Akagonga mara mbili. Mzee akainua macho kidogo kwenye kioo, akayashusha, akaongea tena. Roketi akagonga tena mara mbili. Mwishoni midomo ikasema kitu kifupi, mzee akajiegemeza, akanyanyua mikono akavua dumu kama hadithi ilivyotaka, akavuta pumzi kinywa wazi.

Kilikuwa kipande kizuri kuliko vyote. Alipofungua mlango alimkumbatia baba yake, akamwambia amewaua watazamaji. Mzee alikuwa ameshika ukingo wa mlango anatafuta hewa. Jioni walimpeleka hospitali. Hakukaa hata wiki. Daktari aliwaambia mapafu yalikuwa yamekwisha siku nyingi, kwamba hata mzee angekuwa amelala kitandani ingekuwa vile vile. Labda. Madaktari nao wana huruma zao.

Baada ya mazishi Roketi hakugusa ile simu kwa muda mrefu. Alichomelea mageti kimya kimya, wateja wakashangaa kwamba hatukani. Halafu akairudia filamu kama mtu aliyerudia pombe. Alisema lazima imalizike kwa sababu mzee yumo humo, na kama haikumalizika mzee amehangaika bure.

Sauti aliikuta kwa baba mdogo, mdogo wa marehemu, anayezunguka na kipaza sauti akiuza dawa za panya, mende na kunguni. Sauti za wale ndugu zilikuwa moja, ukifumba macho humjui nani ni nani. Tatizo ni ile biashara. Baba mdogo alikuwa ameshazoea kuvuta maneno mwishoni, na alipoingizwa kwenye kabati akaambiwa aseme kwaheri kwa dunia, ikatoka kwaheri duniaaa, utadhani dunia nayo ina kunguni. Walirudia mpaka akatoka jasho. Kipande kwa kipande ikakaa sawa. Ila kile cha mwisho kilikataa. Maneno ya hadithi yalikuwa yanaisha, midomo ya mzee inaendelea. Ukiyarefusha, midomo inasimama mahali ambapo neno limeanza.

Roketi akakirudia kipande kile mara nyingi isivyo kawaida. Akaweka spika za masikioni, akasikiliza sauti iliyoshikwa na simu siku ile: grenda, grenda, grenda. Chini yake hakuna kitu. Na kadiri alivyoangalia ndivyo alivyoacha kuona fundi wa angani akamwona baba yake, anaongea na mtu. Yale yalikuwa maneno ya mwisho ya mzee mwenye akili zake timamu, maana hospitali aliwekewa mipira puani hakuongea tena. Na yeye mwanawe alikuwa amesimama pale pale, upana wa kioo kati yao, hayajui.

Aliyekuwa ndani ni dada peke yake. Alimuuliza, akajibiwa kwamba hakumbuki. Akamuuliza tena baada ya siku kadhaa, akajibiwa mzee alikuwa anajisemea tu kama kawaida yake. Mara ya tatu alimfuata chumba cha kushonea mchana, akakuta anashona kola.

"Dada, mzee alisema nini pale?"

"Nimeshakwambia sikumbuki."

"Wewe unakumbuka kitambaa cha nani kilipungua mwaka juzi. Hili ndilo hulikumbuki?"

Mguu wa dada ukasimama kwenye mashine. "Funga mlango," akasema.

Roketi akaufunga.

"Alisema, mwambie asimamishe kidogo, kifua kinaniziba. Alisema, mwambie, mwanangu. Ukagonga mara mbili. Akasema tena."

"Na wewe ukakaa."

"Nikakaa."

"Mlango ulikuwa mgongoni kwako, dada. Ni kusukuma tu."

"Ningesukuma, ungefanya nini?"

Roketi akaangalia mlango alioufunga.

"Nakuuliza wewe, dairekta. Siku ile nilikohoa tu. Baba ananiangalia, ananiomba nikwambie, na mimi nimebana pumzi na kiubao changu, naogopa kelele zako. Mtu mzima mimi. Nimekulea, nimekuogesha. Nikasema moyoni, ngoja kiishe, kikiisha atafungua."

"Kwa hiyo nimemuua mimi."

"Sijasema hivyo. Daktari ameshasema. Nje ulikuwepo wewe, ndani nilikuwemo mimi. Tugawane hapo tu, usinibebeshe lote."

Roketi akamwambia dada yake kwamba ni mnafiki, amekaa na neno la baba yao kama mtu aliyekalia kiti cha mwenzake. Alimwambia na mengine. Dada alikuwa bado anaongea wakati mlango unabamizwa.

Alikwenda moja kwa moja uani, akachukua nyundo kubwa, akakipiga kile chombo. Mafundi wakazima mashine zao wakaangalia. Hakuna aliyemsogelea. Alikipiga mpaka milango ya mafriji ikabonyea na bati la pembeni likachomoka, halafu akaingia mle ndani akakaa pale baba yake alipokaa, magoti kifuani, akaangalia nje kupitia kioo. Mtu mmoja akasema kwa sauti ya chini kwamba sasa kweli amepaa. Grenda ikawashwa tena, na kutoka mle ndani Roketi akasikia jinsi inavyofuta kila kitu kingine.

Usiku wake hakulala, kesho yake akajaribu kurekebisha. Aliifuta sauti ya baba mdogo kwenye kipande cha mwisho. Akajifungia kabatini na mablanketi, akasema, "Mwambie," akakwama. Akajaribu tena, ikamtoka sauti ya mtu anayeigiza. Akatoka. Kipande akakiacha bila sauti yoyote, hata ya upepo, midomo peke yake.

Hakumwambia mtu. Filamu ilionyeshwa Jumapili mchana, kwenye banda la video ambalo siku nyingine huonyesha mpira. Mwenye banda alimpa nafasi kabla ya mechi. Watu walijaa, wengine kwa kumuenzi mzee, wengine kwa kumcheka mwanawe, na baadhi walikuwa wamewahi viti vya mpira tu. Baba mdogo alikaa benchi la mbele na wateja wake wawili, amevaa koti. Dada alikuja amechelewa. Yeye na mdogo wake walikuwa hawajasemeshana tangu siku ile, lakini nafasi iliyobaki ilikuwa pembeni yake, akakaa.

Mwanzo watu walicheka. Waliyatambua mafriji. Mmoja akasema kwa sauti kwamba ile ni friji ya mama mkwe wake, arudishiwe. Mzee alipotokea na dumu kichwani banda likapiga kelele nzuri, za kumpenda. Halafu taratibu kelele zikapungua. Yule mzee mle ndani ya bati, peke yake, anahesabu vitu vyake, anapiga stori na redio isiyojibu, aliwanyamazisha watu ambao huwa hawanyamazi hata penalti. Kuna mwanamke alianza kujifuta macho. Roketi alikuwa amebana mikono katikati ya magoti. Hakuwahi kuota kwamba watanyamaza.

Kikaja kipande cha mwisho. Uso wa mzee ukajaa ukutani, midomo ikaanza kwenda, na banda likawa kimya tupu.

Walivumilia kidogo. Halafu mtu akapiga mluzi. "Fundi, sauti!"

"Sauti imekata!"

Wakaanza kugonga mabenchi. Mwenye banda akaruka akaenda kutikisa nyaya nyuma ya spika. Baba mdogo alisimama, koti na yote, akawageukia watu akawaambia hapo alisema yeye, na alisema vizuri sana, kama wanataka anaweza kurudia sasa hivi. Watu wakamzomea akae, anaziba. Ukutani mzee aliinua macho kwenye kioo, akayashusha. Kelele zilikuwa nyingi kiasi kwamba hata angekuwa na sauti isingesikika.

Roketi alisimama. Waliomjua wakajua sasa ni ngumi, waliokuwa jirani naye wakasogeza miguu. Lakini alisimama tu, mikono inaning'inia.

Dada ndiye aliyeongea. Hakusimama wala hakupaza sauti. Aliongea huku anaangalia ukutani, na maneno yake yakakaa kwenye ile midomo kama kitufe kwenye tundu lake.

"Mwambie asimamishe kidogo. Kifua kinaniziba. Mwambie, mwanangu."

Mabenchi ya karibu yakanyamaza, kisha ya nyuma yao. Mwenye banda akabaki na waya mkononi.

"Amwambie nani?" akauliza mtu gizani, bila utani.

Roketi alijibu kabla hajajua kwamba anajibu. "Mimi."

Ukutani dumu likafunga ukungu, likafunguka. Midomo ikasogea tena, kifupi, ile mara ya mwisho kabla mzee hajajiegemeza. Dada hapo alinyamaza. Roketi akaketi, akamwinamia.

"Na hapo?" akamuuliza. "Hapo amesema nini?"

Mzee alikuwa ameshanyanyua mikono anavua dumu.

"Hapo amesema, basi. Mwache amalize."

Picha ikawa nyeusi. Mwenye banda akafungua mlango, mwanga wa mchana ukaingia, na watu wakatoka wakipita mbele ya wale ndugu wawili bila kuwagusa. Wengine walibaki kwenye viti vyao, mechi ilikuwa inakaribia kuanza.